Terugiku hamtii baba yake

Katika Kimi to wakarete, filamu bubu ya Kijapani aliyoiandika na kuiongoza Mikio Naruse mwaka 1933, kazi ya geisha, mwanamke anayelipwa kuwaburudisha wageni kwa muziki, ngoma na mazungumzo, inalisha vijana wawili: mmoja anaila, mwingine anaifanya. Yoshio ni mwanafunzi, na mama yake, Kikue, ni geisha ambaye ujana umeshampa kisogo. Kijana anaona aibu, anatoroka shule na kujiunga na genge la wahuni. Terugiku, geisha mdogo aliye karibu na mama huyo, anampeleka Yoshio kwao kijijini, kando ya bahari, akajionee mwenyewe: baba mlevi wa Terugiku anayetaka binti mwingine naye apelekwe kwenye kazi hiyo hiyo.

Yoshio hulaumiwa upesi mno. Hakuomba asomeshwe kwa fedha za walevi wanaomshikashika mama yake, na aibu aliyonayo ni ya mtoto anayempenda mama. Alipokosea ni kumgeuzia mama hasira yake.

Terugiku ndiye mgumu kumpima. Wanaomsifu wanasema amejitoa mhanga kwa ajili ya nduguze, na ni kweli. Wanaompinga wanasema kila senti anayoituma nyumbani inamnunulia baba chupa nyingine, na hilo nalo ni kweli. Lakini pande zote mbili zinamwona kama binti mtiifu, ilhali yeye anamkatalia baba waziwazi. Wajibu anaoubeba ni kwa mdogo wake, na ameuchagua mwenyewe. Naruse halielezi hili kwa maneno mengi. Kamera yake inamkimbilia mtu ghafla hadi uso wake ujae skrini, na uso wa Sumiko Mizukubo, aliyeigiza Terugiku, una ukaidi ambao sijauona kwa mashujaa wengi wa filamu zenye sauti.

Kinachoniuma ni gharama yake. Ili mdogo wake asiingie kwenye kazi hiyo, Terugiku anahamia kwingine akaifanye kwa malipo makubwa zaidi, na anamwacha Yoshio anayempenda. Wapo wanaosema angebaki naye. Siungani nao. Katika Japani ya miaka hiyo, familia maskini zilipokea fedha za kutanguliziwa na kumkabidhi binti kwa mkataba mpaka deni liishe. Terugiku angebaki, mkataba uliofuata ungekuwa wa mdogo wake.