Sheli za India: hati ikichelewa, mshindi wa droo anyang'anywe uwakala?

Sheli nyingi nchini India ni za kampuni tatu zilizo chini ya serikali: Indian Oil, Bharat Petroleum na Hindustan Petroleum. Anayetaka uwakala husubiri tangazo, huomba, kisha droo huchezeshwa kwa kompyuta. Tangazo la Novemba 2018 peke yake lilikuwa na maeneo zaidi ya 50,000. Sifa zenyewe si ngumu kuzisoma: umri wa miaka 21 hadi 60, elimu isiyopungua darasa la 10, na kiwanja. Ugomvi mwingi unaanzia kwenye kiwanja.

Waombaji hupangwa katika makundi matatu. Kundi la kwanza ni wenye kiwanja tayari, chao wenyewe au cha kukodi kwa muda usiopungua miaka 19 na miezi 11. La pili ni walioahidiwa kiwanja kwa maandishi, na la tatu ni wasio nacho kabisa; la pili hufikiriwa tu pale la kwanza likikosa mtu, na la tatu pale yote mawili ya juu yakikosa. Sasa tuseme kijana amekodi shamba kando ya barabara kuu, mkataba wameusaini kabla ya siku ya mwisho, lakini ofisi ya ardhi ikausajili wiki moja baadaye. Anaomba kama mtu wa kundi la kwanza na anashinda. Nyaraka zinakaguliwa baada ya droo, si kabla, na hapo ndipo anaambiwa hana sifa. Anakwenda Mahakama Kuu ya jimbo lake.

Kampuni hujitetea kwamba sifa hupimwa kwa tarehe iliyotangazwa, na hoja hiyo ina uzito kuliko inavyoonekana. Mwaka 1990, katika shauri la ajira ya ualimu, Mahakama ya Juu ya India ilisema kumwajiri mtu asiye na sifa zilizotangazwa ni kuwadhulumu wote waliosoma tangazo lile wakaacha kuomba kwa kujua hawazitimizi. Watu hao hawapo mahakamani wala hawana wakili. Jirani wa kijana wetu huenda naye alikuwa na mkataba usiosajiliwa, akaona asijisumbue.

Kuna pia historia. Katika miaka ya 1990 waziri wa mafuta, Satish Sharma, aligawa sheli kwa hiari yake. Mwaka 1996 Mahakama ya Juu ilifuta 15 kati ya hizo na kumtoza rupia milioni 5, ingawa adhabu hiyo ya fedha iliondolewa mwaka 1999. Mwaka 2002, magazeti yalipofichua upendeleo wa kisiasa, serikali ikafuta kwa mkupuo uwakala wote uliotolewa tangu Januari 2000. Mahakama ikakataa hatua hiyo: huwezi kuwafagia waliopata kwa haki pamoja na waliobebwa. Kesi zilizotiliwa shaka zikapelekwa kwa majaji wawili wastaafu wazichunguze moja moja. Baada ya hayo yote, ofisa anayeng'ang'ania tarehe namwelewa. Akilegeza kwa mmoja, kesho ataulizwa alipewa nini.

Lakini uamuzi huohuo wa 2002 unampa kijana hoja yake: kila shauri litazamwe lilivyo. Na ipo kesi ya mwaka 1991 ya zabuni ya kuuza vyuma chakavu vya kiwanda cha injini za treni Varanasi. Sharti lilitaka dhamana ilipwe taslimu au kwa hundi ya State Bank of India, benki ya serikali. Mshindi akaleta hundi ya benki nyingine. Mahakama ya Juu ikasema sharti hilo si la msingi, na muuzaji anaweza kulisamehe. Hela ilikuwepo, karatasi tu ndiyo ilikuwa na nembo tofauti.

Je, usajili wa mkataba ni kama hundi ile? Nasema hapana. Hundi haikumpa mnunuzi nafasi asiyostahili, ilhali kiwanja ndicho kilichompandisha kijana kundi la kwanza, juu ya watu ambao huenda wangeingia droo lau yeye asingekuwepo. Na kwa sheria ya India, ukodishaji wa miaka mingi namna hiyo unahitaji kusajiliwa. Kiapo kilichokosewa jina au kivuli cha cheti kilichosahaulika, sawa, asamehewe arekebishe.

Ninachowalaumu kampuni ni mpangilio wao. Kukagua hati baada ya droo kunapunguza kazi, kwani anayekaguliwa ni mshindi tu, lakini gharama inahamia kwa mwombaji, ambaye kufikia hapo ameshafunga mkataba wa karibu miaka 20 na mwenye shamba. Tarehe ya usajili ni kitu cha kuuliza ndani ya fomu yenyewe: imesajiliwa lini, namba ngapi. Asiye na jibu ahamishiwe kundi la pili kabla droo haijachezwa, wala hatahitaji jaji.

Mahakama nazo zikubali kumsikiliza haraka. Zuio la muda likikaa miaka miwili, barabara inabaki bila sheli, na mwombaji mwingine anaendelea kumlipia kodi mwenye shamba lake akisubiri zamu ambayo huenda isifike.