Kumtazama Punda Kabla ya Kumpima

Lamu, ambako mchanga, saruji na mawe ya kujengea hufika mlangoni mgongoni mwa punda, kuna kituo cha kuwatibu wanyama hawa tangu 1987. Suala linalowagawa wanaotibu punda, huko na kwingineko, ni kama tabia ya mgonjwa ihesabiwe kuwa kipimo, au ni maelezo ya pembeni tu kabla ya kipimajoto na sindano.

Wanaotetea vipimo wana hoja nzito. Punda ni hodari wa kuficha maumivu. Farasi mwenye msokoto wa tumbo hugaagaa na kutoka jasho. Punda mwenye ugonjwa huohuo huenda akasimama tu, kichwa chini, masikio yamelegea, na mpita njia akadhani anasinzia. Wengine hujifanya wanakula: mdomo umo ndani ya pumba lakini hawamezi kitu. Na hata ukigundua kwamba anaumwa, tabia haikwambii kama ni mfuko wa plastiki tumboni, jino au kwato.

Naona hoja hiyo inawarudia wenyewe. Dalili zikiwa ndogo ndipo mwenye jicho la kuzitambua anapohitajika zaidi. Punda akiacha kula, mafuta ya mwilini humiminika kwenye damu na yanaweza kumuua ndani ya siku chache. Ukingoja joto lipande, umechelewa. Tena huenda tiba yenyewe ndiyo iliyomfanya asusie chakula, kwa sababu punda hushikamana na mwenzake, na akitengwa naye hunyong'onyea. Ndiyo maana waliobobea hushauri waletwe wote wawili.

Kumbana punda kwa nguvu ili atibiwe humaliza kazi upesi, sikatai. Siku ya chanjo, foleni ikiwa ndefu, nani ana muda wa kubembeleza? Ila punda akiogopa mara nyingi huganda badala ya kukimbia, nasi tukamwita mkaidi. Shukrani ya punda ni mateke, twasema, bila kuuliza anaumwa wapi.

Udhaifu mkubwa wa kutegemea tabia uko kwingine. Tabia husomwa na anayemjua mnyama, na mwenye punda si lazima awe ndiye anayeshinda naye. Anayejua kwamba tangu juzi punda anabaki nyuma ya wenzake ni kijana wa kibarua anayempakia mchanga. Huyo naye, hata akiulizwa, ana sababu ya kunyamaza: punda akipumzishwa, yeye halipwi.