Uso wa Lon Chaney Haukuwa Bubu

Tumezoea kuziita filamu za kale zisizo na sauti "filamu bubu", na kila ninapolisikia jina hilo namkumbuka Lon Chaney, mwigizaji wa Marekani aliyezaliwa tarehe 1 Aprili 1883 huko Colorado Springs. Wazazi wake wote wawili walikuwa viziwi. Baba yake alikuwa kinyozi, na babu yake mzaa mama ndiye aliyeanzisha shule ya viziwi ya Colorado mwaka 1874. Mama alipolemazwa na baridi yabisi, Lon aliacha shule angali mtoto ili amuuguze, na inasimuliwa kwamba alimletea habari za mtaani kwa mikono na kwa uso, akiwaigiza majirani mmoja baada ya mwingine. Nyumba hiyo haikuwa na ububu wowote. Watu wake walizungumza kama watu wa nyumba nyingine, ila hawakuhitaji sauti.

Wanaomsifu Chaney husifu kwanza ufundi wake wa kujigeuza sura, na hawakosei, kwa kuwa alijipaka na kujibandika kila kitu kwa mkono wake mwenyewe, hata akaandika makala kuhusu fani hiyo katika Encyclopaedia Britannica ya mwaka 1929. Hata hivyo, naona sifa hiyo imefunika jambo lililo kubwa zaidi.

Tazama filamu ya The Unknown ya mwaka 1927, ambamo uso wake hauna kinyago wala nundu. Anaigiza mrusha visu wa sarakasi anayempenda binti asiyevumilia kuguswa na mikono ya wanaume, na kwa ajili ya mapenzi hayo anakwenda kukatwa mikono yake yote miwili. Anaporudi, binti anamweleza kwa furaha kwamba hofu ile imemtoka na kwamba anaolewa na mwanamume mwingine. Chaney anacheka. Kicheko kinaendelea hadi kinageuka kuwa kilio, na mtazamaji haoni mpaka ulipo kati ya viwili hivyo. Sijaona mwigizaji wa filamu za sauti aliyenieleza maumivu kwa ukamilifu huo, na siamini kwamba ustadi wa namna hiyo hufundishwa na mwongozaji. Mtoto huunyonya nyumbani, pamoja na lugha.

Kwa sababu hiyo pia namthamini sana Quasimodo, mhusika aliyemwigiza mwaka 1923 katika filamu ya The Hunchback of Notre Dame, mpiga kengele mwenye kibyongo ambaye kengele zenyewe zimemfanya kiziwi. Umati unamdhihaki, lakini Chaney hamdhihaki hata mara moja.

Sauti ilipoingia kwenye sinema, alikawia kuipokea. Mwaka 1930 hatimaye aliigiza katika The Unholy Three, filamu yake pekee ya kuzungumza, akatumia sauti tano tofauti na kutia saini kiapo kwamba zote ni zake. Waliodhani ukimya ulikuwa maficho yake walijibiwa hapo. Naomba basi tuziite filamu hizo "filamu zisizo na sauti", ingawa jina ni refu, kwa maana kiziwi si bubu.

Chaney alifariki tarehe 26 Agosti mwaka huohuo, akiwa na umri wa miaka 47. Inaelezwa kwamba katika siku zake za mwisho ugonjwa ulimnyang'anya sauti, naye akarudi kuzungumza kwa mikono, kama alivyozungumza na mama yake.