Tunguska: Watunzi wa riwaya walipotosha au walisaidia?

Asubuhi ya Juni 30, 1908, kitu kutoka angani kililipuka juu ya misitu ya Siberia, karibu na mto Podkamennaya Tunguska. Miti inayokadiriwa kufikia milioni 80 ilianguka. Leonid Kulik, mwanasayansi wa kwanza kufika kwenye kitovu, mwaka 1927, hakukuta shimo la kimondo wala jiwe. Alikuta miti iliyosimama wima bila matawi, na kuizunguka, miti iliyolala kila upande.

Fumbo kama hilo haliwezi kuwapita watunzi. Mwaka 1946, miezi michache baada ya Hiroshima, Mrusi Alexander Kazantsev alichapisha hadithi fupi iliyodai kuwa kilicholipuka ni chombo cha wageni wa anga za mbali, kilichoendeshwa kwa nguvu za nyuklia. Mwaka 1951 Stanisław Lem wa Poland akaandika kwamba chombo kilitoka Zuhura. Vladimir Sorokin, mwaka 2002, alikigeuza kimondo kuwa barafu inayoamsha mioyo ya watu wateule.

Wanaastronomia walikereka, na wana haki. Enzi za Kazantsev walilazimika kumjibu magazetini, na hadi leo ukitaja Tunguska mbele ya watu, haichukui muda kabla mmoja hajaleta habari za visahani vya angani. Msomaji wa kawaida hana namna ya kujua ushahidi unaishia wapi na ubunifu unaanzia wapi, hasa mtunzi anapochanganya majina ya watu halisi na ya kubuni.

Hata hivyo, lawama hiyo inasahau jambo moja. Kulik aliamini kuna chuma kimezikwa ardhini. Alifika hadi kukausha shimo moja la kinamasi, na chini yake akakuta kisiki cha mti, dalili kwamba hakuna kimondo kilichotua pale. Hakukata tamaa, akaendelea kutafuta. Kazantsev yeye aliitazama Hiroshima, ambako baadhi ya kuta zilizokuwa chini kabisa ya bomu zilibaki zimesimama, akaifikiria ile miti iliyo wima. Akasema mlipuko ulitokea hewani. Kuhusu chanzo alikosea vibaya, lakini kuhusu mahali alipatia. Maelezo yanayokubalika zaidi leo ni kwamba gimba la angani lenye upana wa makumi ya mita lilisambaratika kilomita 5 hadi 10 juu ya ardhi.

Kisha wakaja vijana wa Tomsk, mji wa Siberia. Mwaka 1959 kundi lililoongozwa na Gennady Plekhanov liliingia msituni, na miongoni mwa yaliyowapeleka ni kupima kama kuna mionzi, kama hadithi ya Kazantsev ilivyodokeza. Ushahidi wa mlipuko wa nyuklia haukupatikana. Lakini katika misafara iliyofuata walipima mwelekeo wa miti iliyoanguka, mmoja baada ya mwingine, hadi ramani ikatoa umbo la kipepeo ambalo watafiti wanalitumia mpaka sasa kukadiria njia ya gimba hilo. Sidhani wangejitolea kuliwa na mbu wa taiga, misitu ile ya Siberia, kwa ajili ya ripoti kavu ya kitaaluma.

Kwa hiyo suala la wageni wa anga halinisumbui sana. Kinachonisumbua ni Waevenki, wafugaji na wawindaji wa eneo hilo, ambao katika simulizi nyingi hugeuzwa mapambo: mganga hapa, kiongoza njia pale. Mwaka 1926 mtafiti Innokenty Suslov aliandika ushuhuda wao. Ndugu wawili waliolala kibandani waliamshwa kwa kusukumwa na nguvu wasiyoiona. Upepo ukavuma, miti ikaanza kuanguka, kibanda kikawaangukia. Walipotazama nje, matawi yalikuwa yanawaka, na angani kukatokea mwanga kama jua la pili. Wengine walisimulia mifugo iliyoteketea na ghala zilizoungua.

Riwaya inayoanzia ndani ya kibanda hicho na kubaki humo, bila chombo chochote kutoka Zuhura, ningeinunua leo.