Sabuni Isiyotoa Povu

Mama yangu akiulizwa mwanawe anafanya kazi gani, hujibu: "Anajenga mabanda ya uongo." Kwenye karatasi za malipo naandikwa mbunifu wa mandhari ya filamu. Cheo hicho kilianza Marekani, William Cameron Menzies alipopewa kwenye filamu ya Gone with the Wind ya mwaka 1939, ambayo walichoma seti kuukuu za studio ili kamera ione mji wa Atlanta unateketea. Mwenzangu kaunguza mji. Mimi nimeharibu kanzu moja tu, Mikindani, kule Mtwara, na mpaka leo nasemwa.

Hadithi ya filamu yetu ilikuwa ya 1983, mwaka wa msako wa wahujumu uchumi Tanzania, yaani walanguzi na waficha bidhaa, watu wanaficha sabuni uvunguni kama bangi. Nikakodi chumba cha mbele cha nyumba ya mawe, nikakigeuza duka la ushirika. Mizani ya zamani, daftari nililolichovya kwenye chai ya rangi lipate uzee, gunia la sukari lililojaa maranda na kilo 2 za sukari yenyewe juu. Kufika saa nne sisimizi walishapanga foleni, waigizaji bado wanakunywa chai.

Miche ya sabuni nilimpa fundi wa vinyago, Mmakonde aliyezoea mpingo. Akanitazama sana. "Yaani kaka, nichonge sabuni?" Akachonga miche 40 ya mbao ya mwembe, na herufi ubavuni. Nikaipaka bluu kwa rangi ya maji, maana rangi ya mafuta inang'aa na kamera haipendi mng'ao. Ilipokauka, mimi mwenyewe nilitamani kuoga.

Alhamisi mchana nikaenda kula, nikamwachia duka msaidizi wangu. Niliporudi nikakuta miche 39 na noti ya elfu moja.

"Kuna bibi kapita, kasema shika hela," akaniambia. "Nikashika."

Ijumaa saa tano, bibi huyo hapo mlangoni, kanzu mkononi. Kwapa bluu, kola bluu, mgongoni ramani ya Bahari ya Hindi.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Sabuni yenu haitoi povu."

"Bibi, ile ni..."

"Nimesugua wee! Nikasema labda ya zamani, inataka kulowekwa. Nikailoweka na kanzu ya babu yako usiku kucha."

"Babu yuko wapi?"

"Ndani, kavaa msuli. Na adhana hiyo inakuja."

Nikakimbilia kwa mtu wa mavazi. Kanzu iliyomtosha babu ilikuwa moja tu, ya mwigizaji anayecheza mfanyabiashara mwizi. Babu akaenda kuswali Ijumaa na kanzu ya mhujumu uchumi, tena ilimkaa vizuri kuliko mwenyewe. Hakuirudisha, na sikuwa na uso wa kuidai.

Nikamrudishia bibi elfu yake, nikaongeza mche wa sabuni ya kweli. Haondoki. Anatazama nje, dairekta anawapanga watu 30 barazani kwa mazoezi.

"Hao wanafanya nini?"

"Foleni ya sabuni, bibi. Ya mwaka 83."

Akacheka mpaka akashika mlango. "Nani alikuwa na muda wa kusimama hivyo? Tulipanga mawe! Jiwe langu hapa, nyuma yake tofali la jirani, nyuma yake ndoo iliyotoboka. Sisi tuko shamba. Lori likisikika, kila mtu anakimbilia jiwe lake, na hapo ndipo zinapigwa."

Miezi mitatu nilikuwa nimesoma magazeti ya wakati ule na kukusanya picha. Jiwe sikuliona hata moja. Dairekta aliposikia, aliwatoa watu wote barazani na kunituma pwani na toroli.

Jumatatu alfajiri, siku ya kushuti, nikafika kupanga mawe yangu. Nikakuta mbele kabisa, karibu na mlango, jiwe ambalo si langu, limefungwa kipande cha khanga. Bibi amekaa baraza ya pili na kikombe cha chai.

"Leo," akasema, "sabuni iwepo."