Kususiana maziko: siasa za Zanzibar na presha za watu wake

Mwaka 2016, wiki chache baada ya uchaguzi wa marudio wa Machi 20, shangazi yangu alisimama kando ya barabara kijijini kwao, kaskazini ya Pemba, akisubiri gari ya kumpeleka kliniki ya presha. Kadi yake ilikuwa mkobani, nauli ameifunga kwenye pindo la kanga. Gari ya kwanza ilisimama, utingo akamtazama, akagonga bati, ikaondoka. Ya pili vilevile. Ya tatu haikupunguza hata mwendo. Kosa lake lilikuwa kwamba siku ya marudio alikwenda kupiga kura, na kijiji karibu kizima kilikuwa kimeamua kutokwenda. Alirudi nyumbani kwa miguu, akakaa siku tisa bila kidonge.

Mimi nilikuwa upande wa waliosusa. Naliandika hili mapema ili msomaji ajue anasoma maneno ya nani. Katika miezi ile nilipita mbele ya nyumba yenye msiba, ya mtu aliyenifundisha kuogelea, na sikuingia.

Kwa asiyefuatilia siasa zetu: uchaguzi wa Oktoba 25, 2015 ulifutwa siku tatu baadaye na mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi ya Zanzibar, Jecha Salim Jecha, matokeo yakiwa bado yanatangazwa. CUF, chama kikuu cha upinzani wakati huo, iliyoamini imeshinda, ikayakataa marudio, na Dk. Ali Mohamed Shein wa CCM akatangazwa mshindi kwa asilimia 91.4. Pemba, iliyokuwa ngome kuu ya CUF, ikajibu kwa kugoma. Ukijulikana umepiga kura, duka halikuuzii, gari haikubebi, harusini kwako haji mtu, na ukifiwa unatafuta mwenyewe wa kukuchimbia kaburi.

Silaha hiyo ni ya zamani. Wazee wanaikumbuka tangu zama za siasa, baada ya uchaguzi wa 1957, pale wafuasi wa vyama vya Hizbu na Afro-Shirazi walipogomeana maduka, mabasi na maziko. Juni 1961 mambo yakafika kwenye mapanga, watu 68 wakauawa. Kugomeana kukarudi baada ya 1995, Salmin Amour wa CCM alipotangazwa kumshinda Maalim Seif Sharif Hamad wa CUF kwa asilimia 50.2 dhidi ya 49.8. Januari 2001 zikaja risasi: watu zaidi ya 30 waliuawa katika maandamano, na zaidi ya 2,000 wakavuka bahari kukimbilia Shimoni, Kenya. Sisi tuliozaliwa katikati ya mambo haya tumezoea kuyahesabu kwa viti vya Baraza la Wawakilishi na kwa maiti. Waliopandwa na presha, waliokosa usingizi mwaka mzima, waliolala njaa ya upweke, hawamo kwenye hesabu ya chama chochote.

Wako wanaosema hilo ni jambo la wazi: siasa za uhasama zinaua pole pole. Hoja yao ina msingi mwilini. Mtu akihisi kitisho, tezi zilizo juu ya figo humwaga adrenalini na kotisoli, moyo ukaenda mbio, mishipa ikabana, sukari ikapanda kwenye damu. Kwa dakika chache ni msaada, maana ndivyo mtu anavyomkimbia nyoka. Lakini kitisho kikiwa ni jirani unayemuona kila alfajiri kisimani, au sheha, kiongozi wa serikali mtaani, ambaye bila barua yake hupati kitambulisho, au sauti ya gari ya watu waliofunika nyuso, wale tuliowaita mazombi, basi mwili haupati nafasi ya kushuka. Presha inakaa juu. Mwenye sukari, sukari yake haitulii hata akila kwa kipimo.

Ushahidi wa vipimo unatoka mbali nasi, Marekani. Watafiti walipitia kumbukumbu za bima ya afya ya Kaiser Permanente kusini mwa California, yenye wanachama watu wazima zaidi ya milioni tatu, wakakuta kwamba katika siku mbili zilizofuata uchaguzi wa urais wa 2016, kulazwa kwa maradhi ya ghafla ya moyo na kiharusi kulikuwa mara 1.62 ya siku mbili kama hizo wiki moja kabla. Uchunguzi mwingine wa maoni uliofanywa huko mwaka 2017 ulikuta karibu watu wanne katika kila kumi wakisema siasa zinawatia msongo, na kama mmoja katika watano akisema zimemkosesha usingizi.

Wapo wasiokubali, na sidhani wanastahili kupuuzwa. Nina rafiki, tabibu, aliyeniambia kwa hasira kwamba maelezo haya ni starehe ya watu wenye dawa. Mgonjwa wetu, alisema, anaumwa kwa sababu kidonge hakipo, chumvi ni nyingi, samaki amepanda bei, na kipimo cha presha kimeharibika tangu mwaka jana. Ukimwambia anaumwa na siasa umempa waziri njia ya kutokea. Kuhusu zile takwimu za California, aliniuliza: siku mbili zinathibitisha nini? Moyo uliokuwa tayari mbovu ulihitaji kisukumo tu, na kisukumo hicho kingeweza kuwa hata mechi ya mpira. Na wale wanaosema siasa zimewanyima usingizi wanajisemea wenyewe, hakuna aliyewapima.

Yote hayo ni kweli, na kwa siku kadhaa yalinifanya nifikirie kuiacha mada. Kilichonirudisha ni shangazi. Kidonge cha shangazi kilikuwepo, na muuguzi yupo. Kilichokosekana ni kiti kwenye gari, na kiti hicho kilikosekana kwa sababu ya siasa. Kwetu chama kilisimama hasa kati ya mgonjwa na dawa, na hilo huhitaji kupima kotisoli ya mtu ili ulione.

Kuna utafiti mmoja ninaouona una uzito kwetu kuliko ule wa uchaguzi wa Marekani, ingawa haukuandikwa kwa ajili ya siasa. Mwaka 2010 Julianne Holt-Lunstad na wenzake walikusanya tafiti 148 zenye watu zaidi ya 308,000, wakakuta kwamba wenye mafungamano mazuri na watu walikuwa na uwezekano wa kubaki hai mkubwa zaidi kwa asilimia 50 kuliko wenye mafungamano dhaifu. Soma hivyo ukiwa na Pemba kichwani. Mafungamano kwetu yana sura inayoonekana: ni jirani anayekuletea bakuli la futari, anayekuja kuosha maiti yako, anayekaa nawe hadi hitma isomwe, anayemwita kijana amkimbize mtoto wako hospitali usiku. Kususa kunakwenda moja kwa moja kuyakata hayo, moja moja, na kwa makusudi. Nadhani hakuna siasa nyingine hapa Afrika Mashariki iliyoelewa vizuri kiasi hiki mahali mtu anapopatia uhai wake, kisha ikapiga hapo hapo.

Na maumivu hayabaki kwa anayesusiwa. Mimi niliyepita ile nyumba ya msiba niliota ndoto za yule marehemu miezi mingi. Kwetu hilo halina pa kupelekwa. Jina la Kidongo Chekundu, hospitali ya wagonjwa wa akili ya Unguja, watu wanatukanana nalo, kwa hiyo anayesema halali anaambiwa asome dua, na akisema tena anaambiwa ana mambo mengi kichwani.

Hapa ndipo unapokuja ushauri tunaoupenda sote: achana na siasa, utapata presha. Mke anamwambia mume, daktari anamwambia mgonjwa. Unasaidia, sitaki kuukana. Brett Ford, Matthew Feinberg na wenzao walichapisha mwaka 2023 utafiti uliofuatilia watu siku hadi siku, wakaona kwamba wanaojituliza na hasira za siasa, kwa kugeuza mawazo au kuyatazama mambo kwa jicho jingine, wanaishi vizuri zaidi. Lakini wakaona na bei yake: watu hao hao walipungua hamu ya kufanya lolote juu ya kile kilichowakera. Sasa fikiria nchi ambayo kura yako imefutwa, kisha unaambiwa dawa yako ni kuacha kuifikiria. Aliyefuta ndiye anayenufaika na usingizi wako.

Isitoshe, siasa hizo hizo zinawapa watu afya. Nenda pale Jaws Corner, Mji Mkongwe, kijiwe cha wapinzani, au nenda Maskani ya Kisonge, Michenzani, iliyojulikana kwa ubao wake wa maneno makali ya CCM. Huko na huko utakuta wazee ambao bila baraza ile wangekuwa wamekaa peke yao chumbani. Kuna kahawa, kuna kashata, na usipoonekana siku mbili mtu anakuja kugonga mlango. Chama kilichonitenganisha mimi na mwalimu wangu wa kuogelea ndicho kilichomfanya baba yangu, baada ya kustaafu, awe na mahali pa kwenda kila jioni. Anayetaka siasa ziondoke katika maisha ya watu ajue anaondoa na hicho.

Na waliosusa walikuwa na hoja. Wengi wao hawakuchoma nyumba, hawakushika panga. Walikuwa wamepiga kura tano, 1995 hadi 2015, na kila mara wakaamini wameibiwa. Polisi hawakuwa wao, tume haikuwa yao, mahakama haikuwa na msaada kwao. Mtu wa namna hiyo akikataa kula pilau ya harusi ya aliyemwona kama mshirika wa dhuluma, ametumia kitu pekee alichobaki nacho, yaani nafsi yake. Kumwambia kwamba anaharibu afya ya jamii, bila kusema lolote juu ya aliyefuta matokeo, ni kumhukumu aliyepigwa kwa kulia kwa sauti.

Kwa hiyo nikipima, mzigo mkubwa nauweka juu, kwenye tume na Ikulu, kabla sijaushusha kwa utingo wa gari. Na tumeuona ushahidi wa hilo. Novemba 5, 2009 Amani Karume, rais wa Zanzibar wakati huo, na Maalim Seif walikaa pamoja Ikulu. Julai 31, 2010 asilimia 66.4 wakasema ndiyo kwa serikali ya umoja wa kitaifa. Na uchaguzi wa mwaka huo, ingawa tofauti ya kura ilikuwa ndogo, ulipita kwa utulivu ambao watu wa umri wangu hatukuwahi kuuona. Hakuna aliyetuhubiria tupendane kwanza. Walikubaliana juu, na chini watu wakaanza kusalimiana, wakaalikana.

Lakini utingo naye simwachi kabisa. Ipo tofauti kati ya kususa pilau na kususa mgonjwa, na mwaka 2016 hatukuiweka.

Mwaka 2021, baada ya Maalim Seif kufariki na kuzikwa kwao Mtambwe, nilimfuata jirani wa shangazi, mmoja wa waliopanga mgomo kijijini. Nilimuuliza kama angerudia. Akanijibu kwa swali: kura ikifutwa tena, unataka nifanye nini? Sikuwa na jibu la kumpa, na sikujifanya ninalo. Nikamwambia kuhusu zile siku tisa. Hakuwa akizijua. Alinyamaza muda mrefu, kisha tukaanza kuhesabu pamoja kama watu wanaogawana mirathi: gari ya mgonjwa, haisusiwi. Duka la dawa, halisusiwi. Maziko, akasita, kisha akakubali, kwa sharti kwamba na wao wasisusiwe. Kisima, akakubali bila kubishana.

Kuhusu harusi hatujakubaliana.