Iran na mtandio: aliyeuvua kwa nguvu na aliyeuvalisha kwa nguvu

Kila Iran ikitajwa kwenye habari lazima ile picha irudi, mnaijua, wadada wa Tehran miaka ya 70 wamevaa sketi fupi, nywele wazi, wanacheka, na juu yake mtu kaandika "Iran kabla ya dini kuharibu". Dakika mbili hazipiti anakuja mwingine na picha yake, mabinti wa chador nyeusi wamebeba vyeti vya uinjinia, kaandika "nani kawasomesha?" Basi watu wanarushiana picha mpaka usiku. Mimi ni mwanamke wa Kiislamu, najisitiri tangu mdogo na naupenda mtandio wangu, ndo maana hii ishu inaniuma, kwa sababu naona kila upande una ukweli wake mkononi ila unaukalia ule wa mwenzake. Nimeona niandike kwa urefu kidogo.

Tuanze na kitu ambacho wanaoposti sketi fupi huwa hawakigusi. Wa kwanza kuleta polisi kwenye mavazi ya mwanamke wa Iran hakuwa sheikh, alikuwa mwanajeshi. Reza Shah (Shah maana yake mfalme), baba yake yule Shah aliyepinduliwa 1979, aliingia kwa mapinduzi ya 1921, 1925 akawa mfalme, 1928 akaleta sheria ya wanaume kuvaa kizungu na kofia aliyoipa jina la ukoo wake, na masheikh wakitaka kuvaa kilemba sharti wawe na kibali cha serikali. Mwaka 1934 akaenda Uturuki kumtembelea rais wake Atatürk akaona mambo kule yakamkolea. Mwaka uliofuata, Julai 1935, watu wakajaa msikiti wa Goharshad pale Mashhad, ule ulioshikana na kaburi la Imamu Reza, imamu wa nane wa Washia, wakipinga kofia mpya ya kizungu na habari zilizokuwa zinasikika kwamba wanawake nao watavuliwa, askari wakawamiminia risasi humo humo msikitini, wakafa watu wengi sana. Na kweli haikupita muda, tarehe 8 Januari 1936 mfalme akatokea chuo cha walimu Tehran na mkewe na mabinti zake wakiwa vichwa wazi, na kuanzia hapo chador ikawa marufuku.

Chador kwa asiyeijua ni kama lile buibui la zamani la bibi zetu wa pwani, shuka kubwa halina mikono, unajitanda kuanzia kichwani halafu unalishikilia kwa mkono chini ya kidevu. Sasa fikiria mama wa miaka 50 ambaye tangu avunje ungo hajawahi kutoka nje bila hilo shuka, leo askari anamkuta sokoni anamvua mbele za watu, shuka linachanwa. Kwake yeye hajavuliwa kitambaa, kavuliwa nguo. Wengi walijifungia ndani, wengine miaka yote mitano mpaka mfalme alipoondolewa, na kwa kuwa nyumba nyingi hazikuwa na bafu watu wakienda hamamu ya mtaa, wapo waliokuwa wanapita juu ya mapaa ili wafike kuoga bila kukanyaga barabara. Familia za kidini zikawatoa mabinti shule. Yaani amri iliyoletwa kwa jina la kumtoa mwanamke ndani, kwa wanawake wengi ndiyo iliyowafungia ndani. Uingereza na Umoja wa Kisovieti walipoivamia Iran 1941 na kumlazimisha Reza Shah kuachia kiti, wanawake wakazitoa chador kabatini wakazivaa, hakuna aliyewaambia.

Hicho kidonda wanaoitetea sheria ya leo, ya kulazimisha hijabu, wanakitaja kila siku na wana haki ya kukitaja, kipo kwenye familia zao.

Lakini na wao kuna kipande wanakiruka. Hoja yao ni kwamba kuvua hijabu ni kitu cha kuletwa, cha mzungu, Muirani wa kweli hajawahi kukitaka. Si kweli. Sediqeh Dowlatabadi, binti wa familia ya kidini ya Isfahan, alianzisha gazeti la wanawake mwaka 1919, na kabla mfalme hajatoa amri yoyote alikuwa ameshaanza kutembea bila chador kwa uamuzi wake. Kulikuwa na vyama vya wanawake vilivyofungua shule za wasichana kwa pesa zao wenyewe huku wakitukanwa mtaani. Alichofanya Reza Shah ni kuvifunga hivyo vyama huru, halafu 1935 akaunda cha serikali kikaongozwa kutoka juu. Hapa ndipo mimi hukasirika zaidi kuliko hata kwenye ile amri yenyewe, kwa sababu kulikuwa na mjadala unatembea taratibu ndani ya jamii, mama na binti wanabishana, sheikh na sheikh wanabishana, serikali ikaja ikaunyakua ikaugeuza kuwa kazi ya polisi. Na mjadala ukishakuwa wa polisi haurudi tena kirahisi sebuleni.

Turudi kwenye ile picha. Ni ya kweli, hao wadada walikuwepo, na hawakuwa na sketi tu, 1963 wanawake walipata haki ya kupiga kura, 1967 ikapita sheria ya familia ikamzuia mwanaume kutoa talaka kwa maneno matatu tu bila kupita mahakamani, 1968 Farrokhroo Parsa akawa waziri wa elimu, mwanamke wa kwanza kuwa waziri nchini humo. Si mambo madogo hayo. Ila sensa ya 1976 inaonyesha kama theluthi moja tu ya wanawake ndio walijua kusoma na kuandika, na zaidi ya nusu ya nchi ilikuwa vijijini. Mpiga picha hakwenda huko. Kijijini mama alikuwa na kitambaa chake kichwani, mtoto mgongoni, hajui kusoma, na mfalme wake anakula na wageni wa dunia nzima pale Persepolis 1971 kwenye sherehe ya miaka 2,500 ya ufalme. Na wanawake wasomi wenyewe, hao hao wa sketi, wapo waliofungwa na SAVAK, polisi wa siri wa Shah, kwa sababu ya siasa. Ndo maana 1978 unawakuta wanafunzi wa chuo ambao hata kuswali hawaswali wamejitanda chador kwenye maandamano, kumwonyesha Shah kwamba hatukutaki wewe na unachokipenda. Waliivaa kama bendera, wakidhani siku Shah akiondoka wataivua wakitaka.

Hawakupewa hata mwezi. Khomeini, sheikh aliyeongoza mapinduzi, alirudi kutoka uhamishoni 1 Februari 1979, tarehe 11 utawala ukaanguka, kabla Februari haijaisha ile sheria ya familia ikasimamishwa, na tarehe 7 Machi akasema wanawake wasiingie kazini kwenye wizara bila hijabu. Kesho yake ilikuwa siku ya wanawake duniani. Wakaingia barabarani kwa maelfu, siku kadhaa mfululizo, wengine ndio wale wale waliovaa chador mwaka mmoja nyuma kumpinga Shah, wakiimba kwamba uhuru si wa mashariki wala si wa magharibi, uhuru ni wa dunia nzima. Wanaume wakawafuata na marungu na maneno yaliyokuja kuwa maarufu, "ya rusari ya tusari", yaani ama mtandio kichwani ama kipigo kichwani. Ayatollah Taleghani, mmoja wa masheikh wakubwa wa mapinduzi, akatoka kutuliza, akasema hakuna kulazimishana. Nadhani huyu mzee angesikilizwa tungekuwa na Iran tofauti kabisa. Alifariki Septemba mwaka huo huo. Ikaenda polepole, kwanza maofisini, halafu 1983 ikaandikwa kwenye sheria ya adhabu, viboko 74 kwa mwanamke asiye na hijabu mbele za watu. Yule waziri Parsa walishampiga risasi tangu Mei 1980.

Sasa nisikilizeni upande wa Jamhuri ya Kiislamu, yaani utawala uliokuja na mapinduzi, kwa haki, maana kuna hoja yao moja ambayo watu wa Magharibi hawaisikii kabisa na mimi naiona ni nzito. Baba wa kijijini au wa mtaa wa kidini ambaye enzi za Shah alikataa binti yake asiende chuo, kwa sababu chuo kwake kilikuwa mahali pa mabinti kuvuliwa, baada ya mapinduzi hakuwa na sababu tena. Dola ni ya Kiislamu, chuo ni cha Kiislamu, kila mtu kajisitiri, atamkatazaje? Wakaingia. Mpaka kufika mwanzoni mwa miaka ya 2000 zaidi ya nusu ya wanaoingia vyuo vikuu ni wanawake, na kusoma na kuandika kulipanda kutoka ile theluthi moja hadi karibu wanawake 80 kwa kila 100. Uzazi ulishuka kutoka watoto zaidi ya 6 kwa mwanamke hadi kama 2 ndani ya kizazi kimoja, serikali yenyewe ikigawa vidonge bure kwenye zahanati za vijijini. Mtu akikwambia Jamhuri ya Kiislamu imewarudisha wanawake wote jikoni muonyeshe hizo namba.

Ila ukishaonyesha usiishie hapo, uliza na swali linalofuata, wakishasoma wanakwenda wapi? Wanawake walio kwenye ajira hata 20 kwa 100 hawafiki. Shirin Ebadi alikuwa jaji kabla ya mapinduzi, baada ya mapinduzi akaambiwa mwanamke hafai kuwa jaji, akapewa ukarani kwenye mahakama ile ile aliyokuwa anaiongoza (2003 akapata Nobel ya amani). Na kuna hesabu nyingine ambayo nahisi watawala hawakuipiga vizuri. Ukimsomesha binti wa yule baba wa kijijini mpaka digrii ya pili, ukamfundisha sheria na hesabu na falsafa, atakuja kukuuliza kwa nini askari mwenye darasa chache kuliko yeye anamshika mkono barabarani kumpima mtandio umerudi nyuma vidole vingapi. Wanaoipinga sheria kwa sauti kubwa leo si wale wa kwenye picha ya sketi, wale sasa ni bibi wazee. Ni wajukuu wa akina mama wa chador, wamezaliwa ndani ya Jamhuri, wamesoma shule za Jamhuri.

Jina lake mnalijua, Mahsa Amini, nyumbani kwao wakimwita Jina (Zhina, ni jina lake la Kikurdi), Mkurdi wa mji wa Saqqez, miaka 22. Alikamatwa na polisi wa maadili Tehran tarehe 13 Septemba 2022, na tarehe 16 akafa hospitali. Serikali ikasema alikuwa na ugonjwa tangu utotoni, familia ikakataa, na Machi 2024 tume ya Umoja wa Mataifa ikasema alipigwa na kipigo ndicho kilichosababisha kifo chake. Maandamano yakawaka kuanzia kwao Kurdistan hadi Zahedan kule mwisho wa nchi, mashirika ya haki za binadamu yakahesabu waliouawa zaidi ya 500, na vijana wengine wakanyongwa. Kitu kimoja cha kipindi kile hakinitoki, vijana walikuwa wanapita nyuma ya sheikh barabarani wanamdondosha kilemba chake kwa kofi halafu wanakimbia, wanarekodi. Sheikh mwingine pengine ni mwalimu tu wa Kurani wa mtaani, hana cheo, hana ubaya na mtu. Mimi niliona ile video nikalia, na nikakumbuka kilemba cha kibali cha mwaka 1928. Reza Shah na askari wake wote hawakuweza kumfanya Muirani wa kawaida amdharau mwenye kilemba. Miaka 40 ya kulazimisha imeweza.

Hapa ndo nilipo mimi, na nasema kama mtu wa dini, sisemi kwa niaba ya Magharibi. Watu wa Magharibi wenyewe wana maswali ya kujibu, Marekani na Uingereza ndio waliosaidia kumpindua waziri mkuu Mossadegh Agosti 1953 kwa sababu ya mafuta, Ufaransa tangu 2004 inamkataza binti kuingia shule ya serikali na mtandio na kuna watu wanaona sawa kabisa huku wakimlilia binti wa Tehran, na vikwazo vinavyowekwa eti kuwatetea Wairani vimefanya dawa kupanda bei kwa mama yule yule. Yote hayo nayakubali. Lakini hakuna hata moja kati ya hayo linalonieleza kwa nini ibada yangu inahitaji gari la polisi. Kuna wanaosema kila nchi ina sheria ya mavazi, huwezi kutembea uchi popote, kwa hiyo Iran imechora mstari wake tu. Sawa, ila mstari wa namna hiyo unasimama pale jamii inapokubaliana wapi uchorwe, na kituo cha utafiti cha ofisi ya rais wa Iran chenyewe kilitoa ripoti 2018 ikionyesha karibu nusu ya watu wanaona hijabu ni suala binafsi, serikali isiliingilie. Nusu ya nchi si vibaraka.

Zahra Rahnavard huwa namfikiria sana kwenye hili. Mwanamke wa mapinduzi kindakindaki, ameisifu hijabu maisha yake yote, amekuwa mkuu wa chuo kikuu, hadi leo anavaa chador na chini yake vitambaa vya maua. Tangu Februari 2011 yeye na mume wake Mousavi, aliyewahi kuwa waziri mkuu, wamewekwa kizuizini nyumbani kwa sababu ya siasa. Naye anapinga kulazimishwa. Hao ndio ningependa tuwasikilize, kwa sababu hawana chuki na kitambaa, wanakitetea kisigeuzwe pingu.

Septemba 2023 bunge la Iran lilipitisha sheria mpya kali zaidi ya hijabu, faini kubwa na vifungo virefu. Ilikuwa ianze kazi Desemba 2024, rais Pezeshkian akaonyesha mashaka nayo, na baraza la usalama la taifa likaisimamisha. Sheria ya zamani haijafutwa. Katikati ya sheria moja iliyosimamishwa na nyingine isiyofutwa, Tehran kuna wanawake wengi wanatembea kichwa wazi, na wapo mama na binti wanatoka pamoja, mama kajitanda chador yake ameishikilia kidevuni kwa mkono mmoja, mkono mwingine kamshika binti ambaye nywele zake zinapepea, wanakwenda zao sokoni.